Sura ya Saba: Sentimita Mbili Chini ya Jiwe

Fundi alipiga magoti, akasukuma futi chini ya kaunta, akasoma namba, akaitoa. Akaipangusa kwenye suruali kana kwamba vumbi ndilo lililomdanganya, akapima tena. Sentimita 80. Sebuleni, ikiwa bado imevaa nailoni ya safari, ilisimama mashine ya kuoshea vyombo iliyotoka Uingereza kwa meli hadi Mombasa, ikapanda barabara mpaka Malaba, ikaingia Mbale juu ya lori lililobeba pia magodoro na baiskeli ya mtoto. Miguu yake ikiwa imekazwa mpaka mwisho, kimo chake kilikuwa sentimita 81.5, na kitabu chake kilidai nafasi ya 82.

Mama mwenye nyumba, nesi mstaafu, alikuwa ameegemea mlango akiangalia.

"Fundi, si mkate kidogo hapo juu?"

"Juu ni jiwe, Mama."

"Na chini?"

"Chini nako ni jiwe."

Mama akacheka, akaenda kuweka chai jikoni kwa jirani, maana kwake palikuwa pameshajaa vifaa.

Vitabu vinavyokuja ndani ya boksi la mashine hizi hueleza kazi nzima kwa kurasa chache za michoro: sukuma, sawazisha, unganisha, washa. Aliyeichora alidhani jiko limejengwa na seremala. Ulaya ndivyo lilivyo. Makabati hutoka kiwandani yamekatwa kwa kipimo kimoja, upana sentimita 60, na kaunta hulazwa juu yake siku ya mwisho. Mashine ni kabati jingine katika mstari. Kwetu jiko hujengwa na mwashi. Hupandisha kuta fupi za matofali, hufunga mbao, husuka nondo, humwaga zege la inchi tatu na ushee, na fundi wa granaiti akija baadaye hulaza jiwe lake juu ya zege hilo kama anayetandika kitanda. Kaunta ya namna hiyo mtu anaweza kuipanda kubadilisha balbu, na itadumu kuliko paa. Ila hesabu yake haibembelezeki. Kutoka sakafuni hadi juu ni sentimita 90. Toa jiwe la sentimita 2, toa zege la 8, zinabaki 80.

Hapo hakuna aliyekosea. Mwashi alijenga kwa kipimo cha mtu anayesimama kukata vitunguu, na chini aliacha nafasi ya mtungi wa gesi na gunia la mkaa. Kiwanda nacho kilitengeneza mashine kwa kipimo cha kabati. Wawili hao hawakuwahi kukutana mpaka asubuhi ile, na waliyemkutanishia shida zao alikuwa fundi wa kutoka Walukuba, Jinja, aliyekuwa bado na uchovu wa kazi ya wiki mbili nyuma.

Kazi hiyo ya Jinja nayo niliiona, na ndiyo iliyonifanya nipande naye gari kuja Mbale.

Jinja ni mji ambao jina lake lenyewe ni jiwe: ejjinja, kwa Kiganda. Ni ile miamba ya mtoni ambayo mvumbuzi Mwingereza Speke aliikuta mwaka 1862, maji ya ziwa yakiiruka kuanza safari ya Nile, na ambayo ilimezwa bwawa la Owen Falls lilipokamilika na kufunguliwa na Malkia Elizabeth mwaka 1954. Bwawa lilileta viwanda, viwanda vikaleta watu, na watu wakajengewa mitaa kama Walukuba, ambako Mluo, Msamia, Mgisu na Mnubi walihitaji lugha moja ya kuombana chumvi. Kiswahili cha fundi wangu ni cha huko. Ngeli hazimsumbui, ila jina la kila kifaa analo.

Nyumba tuliyoitiwa ilikuwa ya zamani, ya Kihindi, yenye sakafu ya terazo na madirisha marefu ya vyuma. Nyumba za aina hiyo zimejaa Jinja. Waliozijenga walipewa siku 90 na Idi Amin mwaka 1972, na baada yao kila aliyeingia aliongeza bomba lake na kuacha la mwenzake ukutani. Mwenye nyumba wa sasa alikuwa amerudi kutoka Minneapolis kufungua nyumba ya wageni, kwa watalii wanaokuja kupambana na mawimbi ya mto. Jiko alikuwa amelivunja lote na kulijenga upya kwa makabati ya mbao, na juu yake granaiti nyeusi yenye vimulimuli, mfano wa zile zinazochimbwa India kusini na kusafirishwa dunia nzima. Mashine alikuja nayo kutoka Marekani.

"Nyabo," fundi alisema baada ya kusoma kibati cha nyuma, "hii mashine inataka volti 120. Hapa tuna 240."

"Nitanunua transfoma."

"Transfoma itapunguza volti. Haitabadilisha mapigo. Huko kwenu umeme unapiga mara 60 kwa sekunde, kwetu mara 50. Pampu itazunguka polepole, itapata joto."

Akaongeza kwamba mashine za Marekani hutarajia kupewa maji ambayo tayari yamechemshwa na mtambo wa nyumba, wakati za Ulaya hupokea maji baridi na kuyachemsha zenyewe tumboni. Nyumba ile ilikuwa na hita bafuni tu. Nimeona watu wakibishana na mafundi kwa sababu ndogo zaidi ya hiyo, lakini yule dada alikaa juu ya boksi, akaitazama mashine yake kwa muda, akauliza ya Ulaya inapatikana wapi Kampala. Hilo likaisha.

Balaa lenyewe lilikuwa juu. Kabla yetu alikuwa amekuja fundi mwingine, na fundi huyo alifuata mchoro wa kitabu. Mashine ya aina hii kwa kawaida huwa na vibati viwili vidogo kwenye ukingo wa mbele, juu, na kazi yake ni kuizuia isianguke. Ukifungua mlango na kuvuta nje treya ya chini iliyojaa sahani, uzito wote unahamia mbele, na mashine isiyofungwa huinama kama ng'ombe anayekunywa maji. Kaunta ikiwa ya mbao, vibati hivyo hupigwa skrubu kwenda juu. Fundi yule alikutana na granaiti, akachukua drili ya kugonga, akatoboa kwenda juu.

Granaiti ni jiwe la ajabu kidogo. Ukilikandamiza, halijali. Ukilikunja, linakatika. Ubao wa granaiti wenye unene wa sentimita 2 una uzito wa kilo 54 hivi kwa mita moja ya mraba, kwa hiyo kaunta ya mita tatu yenye kina cha sentimita 60 inakaribia kilo 97, na uzito huo wote hautishi mradi umekalia kitu. Mahali pa hatari ni pale palipokatwa. Mbele na nyuma ya sinki hubaki vijiti viwili vyembamba vya jiwe, na mashine, kwa kuwa inahitaji maji na bomba la uchafu, huwekwa karibu kabisa na hapo. Drili ya kugonga ilipoanza kutetemesha jiwe, ufa ulitoka kwenye kona ya sinki, ukapita pembeni ya tundu jipya, ukatokea ukingoni. Urefu wa kiganja. Wembamba wa unywele. Kwenye jiwe jeusi ulionekana pale tu mtu alipopangusa kwa kitambaa chenye maji, kwa sababu maji yalikauka kote ila kwenye mstari ule.

Fundi wangu hakumlaumu mwenzake kwa sauti. Alipitisha ukucha juu ya ufa, akanong'ona kitu kwa Kisoga, kisha akaanza kazi ambayo kitabu hakikuiandika. Alikausha ufa kwa kikausha nywele cha mwenye nyumba, akaujaza gundi ya epoksi iliyochanganywa na unga mweusi wa jiwe lile lile, akaacha ishikane usiku kucha. Siku ya pili alikuja na ukanda wa mvule. Busoga ilikuwa nchi ya mivule kabla mashoka hayajaifikia, na kipande kile alikipata kwenye kitanda kilichovunjika. Akaupiga randa ukawa mwembamba kama kidole, akausugua uso wa chini wa jiwe kwa sandipepa na spiriti ili kuondoa vumbi la kiwandani, akaubandika ukanda kwa epoksi kutoka ukuta hadi ukuta wa kabati, akautegemeza kwa vijiti mpaka kesho yake. Vibati vya mashine vilipata mahali pa kupigiwa skrubu fupi, na jiwe halikuguswa.

Nilimuuliza kwa nini asingetumia tundu za pembeni, kwani mashine mpya aliyonunua yule dada ilikuwa nazo, za kufungia kwenye ubavu wa kabati. Akasema ubavu ule ni mbao za unga zilizobanwa, na skrubu ya kando, ikivutwa kila siku, itaula ubavu kama fuko. Baadaye nilisoma kwamba watengenezaji wengi wanapendekeza hizo hizo tundu za pembeni wakati kaunta ni ya jiwe. Wote wana haki. Wao wanazungumzia kabati zuri.

Mbao za unga zilimsumbua kwa sababu nyingine pia, na hapa nadhani alikuwa mbele ya wauza majiko wengi. Watu huamini kwamba chini ya jiwe mvuke hauna kazi. Kweli granaiti haivimbi. Lakini ni baridi, na mvuke wa moto unaotoka mlango unapofunguliwa hukutana na ubaridi huo na kugeuka matone. Matone hayo hutiririka hadi ukingoni, kisha hushuka kwenye kabati la jirani, ambalo huvimba na kuchanika kama mkate uliolowekwa. Mashine za siku hizi zinazofungua mlango zenyewe mwishoni ili vyombo vikauke kwa hewa ndizo zinazomwaga mvuke mwingi zaidi. Akapaka silikoni kila ukingo mkavu wa kabati pande zote mbili, akabandika ukanda wa karatasi ya alumini chini ya jiwe na juu ya mvule wake. Kazi ya dakika ishirini.

Na kama unajenga sasa hivi, sikiliza hili moja kabla sijasahau: mwambie fundi wa granaiti mashine itakaa wapi siku anapokuja kupima, ili kiungo cha vipande viwili vya jiwe kisije kuangukia juu ya uwazi wa mashine. Hapo hakuna kinachokibeba. Mwambie pia akate kiwandani kwake kwa maji. Nimemwona kijana ndani ya jiko la mtu, grainda mkononi na shati usoni badala ya barakoa, akikata jiwe kavu mpaka hatumwoni. Vumbi lile lina silika, na silika ikishaingia kwenye mapafu haitoki.

Mashine ya kuoshea vyombo, ile ya kwanza kufanikiwa kibiashara, ilibuniwa na mama aliyechoshwa na vyombo vyake kuvunjwa. Josephine Cochrane, wa mji wa Shelbyville huko Illinois, alikuwa na sahani za kauri za thamani ambazo watumishi wake walizimegua wakiziosha, na mumewe alipofariki akamwachia madeni, wazo likawa biashara. Alipata hataza tarehe 28 Desemba 1886. Kwenye maonyesho makubwa ya Chicago mwaka 1893 mashine zake zilikuwa zikiosha vyombo vya migahawa, na wateja wake wa kwanza walikuwa mahoteli. Majumbani zilichukua miaka mingi sana kuingia, kwa kuwa nyumba hazikuwa na maji ya moto ya kutosha wala jiko lenye nafasi. Naona Uganda ya mashariki imo kwenye hatua ile ile. Jinja ndipo kilipo chuo cha taifa cha hoteli na utalii, na mashine nyingi ambazo fundi wangu amezifunga ni za watu wanaolisha wageni. Nesi mstaafu wa Mbale alikuwa wa pili tu katika wateja wake waliotaka kuosha vyombo vyao wenyewe.

Ndiyo maana fundi aliogopa kuiharibu kazi ya Mama huyo.

Tulitoka Jinja alfajiri, tukapita Iganga, tukaikamata barabara ya Tirinyi. Kwenye kinamasi cha mto Mpologoma wanawake walikuwa wameshaanza kuanika mpunga pembeni ya lami. Fundi alikuwa na mfuko wa tindo mapajani. Nilipomuuliza za nini, ilhali tunaenda kufunga mashine, alijibu kwamba hajawahi kwenda Mbale akarudi bila kuvunja kitu. Ukanda wa mlima wa Wanale ulipoonekana, mweusi, maporomoko yakining'inia kama nyuzi, alinionyesha kwa kidevu. "Hata huko juu wanajenga kwa jiwe," akasema. Wagisu, kama ndugu zao Wabukusu wa ng'ambo ya pili ya mlima, jiwe huliita libale, na mimi tangu siku ile nashindwa kulisikia jina la mji bila kulisikia neno hilo ndani yake.

Mama alitupokea kwa salamu ya mulembe na ndizi za kuchemsha. Kisha ukaja upimaji ule wa sentimita 80.

Zilikuwapo njia tatu, na fundi alizieleza akiwa bado amepiga magoti. Ya kwanza: kuinua granaiti, kukata zege chini yake kwa upana wa mashine, na kuliacha jiwe lijibebe kwa sentimita 60 likisaidiwa na chuma cha pembe. Jiwe zima lingevumilia. Lakini lilikuwa limebandikwa kwa saruji miaka minane, na jiwe lililobandikwa hivyo hutoka vipande vipande. Ya pili: kununua mashine fupi, zile za kukaa juu ya kaunta zinazoosha vyombo vya watu wachache. Mama alikataa kwa mkono kabla sentensi haijaisha. Mwanawe alikuwa ametuma hii. Ya tatu: kushuka.

Kigae cha sakafu kina unene wa karibu sentimita moja, na chini yake kuna lipu ya saruji ya sentimita mbili hivi. Ukiondoa vyote viwili chini ya uwazi ule tu, unapata tatu. Themanini inakuwa 83. Ni rahisi kuisema. Tatizo ni kwamba mashine inabaki imekaa ndani ya shimo, na siku ikiharibika, nani ataitoa? Nimesikia habari za nyumba ambamo sakafu mpya ilitandikwa mbele ya mashine ya zamani bila kufikiri, na siku ya kuitoa ikabidi ivunjwe ndani kwa ndani. Fundi alichonga. Kwa tindo na nyundo, goti moja juu ya gunia, alitoa vigae vya uwazi ule kimoja kimoja, kisha akaendelea nje kwa upana wa kiganja na kuukata ukingo wa mbele uwe mteremko badala ya ngazi. Akaupaka saruji yenye dawa ya kuzuia maji, akauacha uelekee mbele, ili bomba likivuja maji yajitokeze miguuni mwa mpishi badala ya kujificha nyuma na kuoza ukuta. Ilichukua siku nzima na asubuhi ya pili.

Maji yenyewe yalikuwa sura nyingine. Mashine ya kawaida inataka msukumo wa bar 0.5 angalau, na mita kumi za maji yaliyosimama ni bar moja; maana yake tanki liwe mita tano juu ya koki, wakati minara mingi ya vyuma mijini kwetu ni ya mita tatu. Mashine isiyopata msukumo husubiri, hupiga kengele, huzima. Hapa mteremko wa Mbale ulifanya kile ambacho mnara ungekitoza pesa: tanki la Mama lilikuwa nyuma ya nyumba, juu ya mwamba, na futi ya fundi ilipofika mwisho ikabidi afunge kamba na jiwe ili kupima. Mita sita na nusu. Alitabasamu kwa mara ya kwanza siku ile.

Lakini mlima huohuo hushusha matope. Mto Nabuyonga na mingine inayokata mji ndiyo iliyofurika usiku wa kuamkia tarehe 31 Julai 2022 na kuua watu, na hata katika msimu wa mvua wa kawaida maji ya bombani huweza kuja na rangi ya chai ya rangi. Mdomoni mwa mpira wa mashine kuna chujio dogo kama kifuniko cha soda. Lingejaa kwa wiki. Akaweka chujio kubwa la kufunguka kwa mkono kabla ya koki, chini ya sinki, mahali ambapo Mama angeweza kulifikia bila kumwita mtu, na hapo hapo akaweka soketi. Soketi haiwekwi nyuma ya mashine, hata kama pana nafasi: siku ya hitilafu utahitaji kuuchomoa umeme kabla ya kuivuta, siyo baada. Mashine ya wati 2400 kwenye volti 240 hula ampea 10, ambazo plagi yetu ya pini tatu bapa yenye fyuzi ya 13 inazibeba bila jasho, mradi waya wa ardhi upo kweli. Alipima. Ulikuwepo ukutani, ila haukuwa umeunganishwa na chochote. Nusu siku nyingine, na fimbo ya shaba ikagongelewa chini nje ya dirisha.

Mpira wa maji machafu aliupandisha mpaka ukagusa zege la kaunta, akaufunga kwa kibano, ndipo akaushusha kwenye bomba lililopinda chini ya sinki. Bila upinde huo wa juu, sinki likiziba, maji yake machafu hurudi kimyakimya na kulala ndani ya mashine juu ya sahani safi. Mama, aliyefanya kazi wodini maisha yake yote, alielewa hilo kabla halijamalizika kuelezwa. Alichouliza ni kuhusu migomba yake. Maji ya kuoshea vyombo yalikuwa yakienda kwenye migomba mitatu nyuma ya jiko tangu nyumba ijengwe.

"Haya ya mashine yana magadi makali, Mama, na chumvi."

"Basi yaende shimoni. Migomba nitaipa ya kwangu."

Sikuelewa "ya kwangu" ni yapi mpaka jioni. Mashine ilikuwa imesukumwa mahali pake, imesawazishwa kwa pimamaji, imefungwa kwa skrubu za pembeni ndani ya kuta za matofali ambako hapakuwa na mbao za unga za kuogopa. Mlango ulifunguka mpaka chini bila kugusa mteremko. Ilijazwa sahani, bilauri, vijiko, na treya nzima ikavutwa nje kwa makusudi, haikuinama. Ikawashwa. Ikavuta maji, ikakoroma kidogo, ikatulia kwenye sauti kama ya mvua juu ya migomba. Mzunguko mmoja ungekula lita kumi na kitu za maji na uniti moja hivi ya umeme. Mama alisimama mbele yake dakika kama tano, mikono nyuma, kama anayemtazama mgonjwa aliyetoka chumba cha upasuaji.

Kisha akakusanya sufuria zote. Tulikuwa tumekula malewa, machipukizi ya mianzi, kwa karanga, na mchuzi wa karanga huganda kwenye sufuria kama gundi. Fundi alikuwa ameshamwambia kwamba sufuria za alumini haziingii mule: sabuni ya mashine hula alumini na kuitoa nyeusi, na miiko ya mti hupasuka. Hiyo ni zaidi ya nusu ya vyombo vya jikoni kwetu. Akatoka nazo nje, akakaa kwenye kigoda karibu na kichanja chake, kile cha fito ambacho maofisa wa afya wamehimiza kila boma liwe nacho kwa vizazi kadhaa, akachota jivu, akaanza kusugua. Maji ya mwisho aliyamwaga kwenye mgomba wa kwanza.

Ndani, fundi alikuwa amelala chali, nusu yake chini ya sinki, tochi mdomoni. Nilidhani anatafuta mvujo. Alikuwa na penseli ya seremala, anaandika kwenye lipu ya ukuta wa ndani, pale ambapo hakuna atakayeona isipokuwa atakayekuja kutengeneza: tarehe, kimo 83, upana 61, chujio kabla ya koki, umeme kushoto. Akasita, akalamba ncha ya penseli, akaongeza mstari wa mwisho kwa herufi kubwa: USITOBOE JUU.